Nusu siku Kyoto na mwongozaji: mtaa mmoja, kwa miguu, bila haraka

Mara ya kwanza nilipofika Kyoto nilipanda basi la watalii lililoahidi sehemu sita kwa siku moja. Tulishuka, tukahesabiwa, tukapiga picha, tukapanda. Jioni nilipoulizwa nimeona nini, sikuweza kutofautisha hekalu la saa nne na lile la saa nane. Niliporudi baadaye nilitembea mtaa mmoja tu, saa nne na nusu, nikiwa na mama mmoja mwongozaji aliyekuwa akisimama kila mara kunionyesha kitu ambacho ningekipita. Huo ndio mji ninaoukumbuka. Mwongozo huu ni wa ziara ya namna hiyo ya pili.

Kyoto ilikuwa makao ya mfalme wa Japani kwa zaidi ya miaka elfu, kuanzia 794 hadi 1868. Ufundi uliokua kuizunguka ikulu yake, yaani chai, hariri, ngoma, upishi na useremala, bado watu wanaufanyia kazi mitaani. Wala Kyoto si ngeni kwetu: watafiti wa Chuo Kikuu cha Kyoto ndio walioanza, mwaka 1965, kuwafuatilia sokwe wa milima ya Mahale kule Kigoma, na kazi hiyo ikaendelea kwa miongo mingi.

Kutoka Tokyo, treni ya mwendo kasi ya shinkansen hufika Kyoto kwa saa mbili na robo hivi. Ukitua uwanja wa Kansai, treni ya Haruka hutumia kama saa moja na dakika ishirini. Mwenye pasipoti ya Tanzania au ya Kenya anahitaji viza, na Japani ina ubalozi Dar es Salaam na Nairobi. Lishughulikie hilo kabla hujalipia chochote. Saa ninazotaja hapa ni za Kiswahili, ila ratiba zote za Japani zinasoma 07:00, 16:00, kwa hiyo andika zote mbili kwenye kikaratasi chako.

Hatua ya 1: Chagua mtaa, usichague orodha

Kwa nusu siku, chagua Higashiyama, upande wa mashariki wa mji, chini ya vilima. Njia ni moja na inateremka: unaanzia juu kwenye hekalu la Kiyomizu-dera, unashuka ngazi za Sannenzaka na Ninenzaka, unapita jirani na mnara wa Yasaka wenye ghorofa tano, halafu hekalu la Kodai-ji, bustani ya Maruyama, Yasaka jinja ambapo ni mahali pa ibada ya Kishinto, na unaishia mtaa wa Gion. Haizidi kilomita tatu. Ndani ya kilomita hizo tatu kuna Ubudha, Ushinto ambao ni dini ya asili ya Wajapani, chai, ufinyanzi, vitamu na wasanii wa geiko, yaani geisha.

Utashawishika kuongeza Fushimi Inari, pale penye maelfu ya malango mekundu yanayopanda mlima. Usiongeze. Pako wazi usiku na mchana, hapana kiingilio, na ni vituo viwili tu vya treni ya JR, kampuni ya reli ya Japani, kutoka stesheni kuu ya Kyoto. Nenda mwenyewe kesho yake alfajiri. Ukifika, pita kisha geuka nyuma: upande wa pili wa nguzo utaona maandishi meusi, jina la aliyetoa lango hilo na tarehe. Wengi ni wafanyabiashara wanaomshukuru Inari, mungu wa mpunga aliyekuja kuwa pia wa biashara.

Hatua ya 2: Mtafute mwongozaji, kisha umhoji

Kuna njia mbili. Ya kwanza ni mwongozaji wa kulipwa. Hadi mwanzoni mwa 2018 sheria ya Japani ilimruhusu kulipwa kwa kazi hii, kwa lugha ya kigeni, mwenye leseni ya taifa tu. Sasa yeyote anaweza, na wazuri wasio na leseni wapo, lakini mwenye leseni amefanya mtihani mgumu wa historia na jiografia. Uliza tu: "Je, una leseni ya taifa ya ukalimani na uongozaji?" Hatakasirika.

Ya pili ni waongozaji wa kujitolea, wengi wao wastaafu na wanafunzi wa vyuo. Hulipi ada. Unalipa nauli yao, viingilio vyao na chakula cha mchana mkila pamoja. Omba wiki kadhaa kabla. Mimi napenda sana wastaafu: mtu aliyekulia mtaa ule atakuambia duka hili lilikuwa la nani na wapi walikuwa wakiteka maji.

Kumpata anayezungumza Kiswahili ni bahati ya pekee, ingawa wapo Wajapani waliokisomea, maana Chuo Kikuu cha Osaka kinafundisha Kiswahili kama shahada. Chukua Kiingereza, Kifaransa au lugha yoyote unayoimudu, na omba aongee polepole.

Kabla ya kukubaliana, muulize haya. Tutaanza saa ngapi? Akisema saa nne asubuhi, omba saa moja au saa mbili, kwani hilo pekee linaweza kuiokoa ziara nzima. Tutaingia sehemu ngapi? Zikizidi tatu, punguza. Kuna kitu nitakachofanya kwa mikono yangu? Na mwambie mapema kuhusu chakula chako, miguu yako na imani yako. Mjapani hujiandaa sana; ukimwambia siku ileile unamtia aibu, kwa sababu angependa awe amekwisha kukupangia.

Hatua ya 3: Miguu, mfuko na nguo

Vaa viatu vya kuvuliwa bila kukaa chini, na soksi zisizotoboka. Utavua viatu mara mbili au tatu, na kwenye mikeka ya tatami hata ndala za ndani haziingii. Chukua sarafu za yen 100 na za yen 5, maana viingilio vingi hulipwa taslimu. Beba kitambaa cha kufutia mikono, kwa sababu vyoo vingi vya umma havina karatasi za kukaushia, na mfuko mdogo wa taka zako, kwani mapipa ya barabarani ni adimu na kila mtu hurudi na uchafu wake nyumbani. Sanduku liache kwenye makabati ya kulipia pale stesheni.

Usijipulizie manukato, wala usifukize udi asubuhi hiyo. Najua kwa mtu wa pwani ni kama kutoka bila kuvaa, lakini chumba cha chai kina harufu yake iliyochaguliwa kwa ajili ya msimu, na ya kwako itaifunika.

Kimono cha kukodi? Ndiyo, kama unakipenda kweli na una saa ya ziada ya kuvishwa. Baadhi ya maduka yanaelewa hijabu na yatakusaidia kupata kitambaa kinachoendana. Jua jambo moja tu: upande wa kushoto unalala juu ya wa kulia, kwa mwanamume na kwa mwanamke. Ukigeuza, umemvika maiti, kwa sababu hivyo ndivyo wafu wanavyovishwa. Mtu wa Kyoto aliyekuona umekosea atahangaika mpaka apate namna ya kukuambia. Mama mwongozaji alinirekebisha ukosi huku akinieleza maua ya kitambaa: kimono huvaliwa na ua linalokaribia kuchanua, si lililokwisha kuchanua. Nikamwambia habari za kanga na maneno yake, na kwamba katikati ya karne iliyopita kanga nyingi zilizovaliwa Mombasa na Dar zilichapwa Japani. Alisimama njiani akaniomba nimwandikie jina moja la kanga kwenye daftari.

Hatua ya 4: Kiyomizu-dera kabla ya umati

Hekalu hufunguliwa saa kumi na mbili asubuhi. Fikeni kabla ya saa mbili. Basi la kutoka stesheni kuu hugharimu yen 230. Unapanda mlango wa nyuma, unalipa mbele unaposhuka. Kama mko watatu au wanne, chukueni teksi. Mlango wa abiria hujifungua wenyewe, usiuvute.

Hekalu lilianzishwa mwaka 778, lakini jengo kuu mnaloliona ni la 1633, lililojengwa upya baada ya moto. Watu wote hukimbilia ukingoni mwa jukwaa lake la mbao kupiga picha ya mji. Mwombe mwongozaji akupeleke chini kwanza. Simama kwenye njia ya bondeni, tazama juu: nguzo za mti wa keyaki zinapanda hadi mita 13 hivi, na maboriti yanapenya nguzo na kukazwa kwa kabari, bila misumari. Gusa nguzo kwa kiganja. Mimi nilikumbuka mtepe wa Lamu, chombo kilichoshonwa kwa kamba za nazi kikavuka bahari bila msumari, nikaona mafundi wale wangeelewana bila mkalimani. Ukipanda tena jukwaani baada ya hapo, unajua umesimama juu ya nini. Wajapani wana msemo kwamba anayefanya uamuzi mzito "anaruka kutoka jukwaa la Kiyomizu", na zamani wapo walioruka kweli, wakiamini dua yao itajibiwa, hadi serikali ilipopiga marufuku mwaka 1872.

Chini kuna maji ya Otowa, yaliyolipa hekalu jina lake, "maji safi". Yanaanguka kwa mifereji mitatu. Chukua kata yenye mpini mrefu, kinga mfereji mmoja, kunywa. Kunywa yote mitatu huhesabiwa kuwa tamaa.

Kama saa inaruhusu, omba muingie Zuigu-do, karibu na lango. Unalipa yen 100, unavua viatu, unashuka chini ya jengo katika giza la kweli, ukishika kamba nene ya shanga kwa mkono wa kushoto, mpaka ulifikie jiwe moja lenye mwanga. Ni dakika chache tu. Hakuna picha ya pale, na sijaisahau.

Hatua ya 5: Shukeni ngazi za mawe

Hapa ndipo haraka huharibu. Watu husema anayeanguka Sannenzaka atakufa ndani ya miaka mitatu, imani inayokufanya uangalie unapokanyaga, na mawe yale huteleza mvua ikinyesha. Muulize mwongozaji akuonyeshe nyumba, si maduka tu: madirisha ya mianzi na mbao nyembamba yanayomruhusu wa ndani kuona nje na kumzuia wa nje kuona ndani. Mzaliwa wa Mji Mkongwe ataelewa papo hapo.

Ukinunua kitu cha kula, ukile palepale dukani, kisha rudisha kijiti au karatasi kwa muuzaji. Kutembea huku unatafuna hakupendezi. Jaribu yatsuhashi, kitamu laini cha unga wa mchele na mdalasini chenye maharage matamu ndani.

Hatua ya 6: Chai, na hapa ndipo pa kutumia fedha

Kama utalipia jambo moja tu, liwe hili. Karibu na Kodai-ji kuna nyumba kadhaa za chai zinazopokea wageni kwa dakika 45 hadi saa moja. Karamu kamili ya chai huchukua kama saa nne, kwa hiyo mnachopata ni kipande, lakini kipande cha kweli. Chagua chumba chenye wageni wachache na mwenyeji anayekorogea chai mbele yenu, na mahali ambapo nawe utapewa ukoroge bakuli lako.

Vua pete, saa na bangili kabla ya kuingia, ili usikwaruze bakuli ambalo huenda lina umri mkubwa kuliko bibi yako. Kama chumba ni cha mtindo wa zamani, mlango utakuwa mdogo, kama sentimita 66 kila upande, na utaingia kwa magoti. Mlango huo unahusishwa na Sen no Rikyu, bwana wa chai aliyeishi 1522 hadi 1591. Mpiganaji hakuweza kupita na upanga wake mrefu kiunoni, na mkubwa na mdogo waliinama sawasawa. Rikyu alimtumikia mtawala Toyotomi Hideyoshi, na ni Hideyoshi huyohuyo aliyemwamuru ajiue. Kodai-ji, hatua chache kutoka hapo, lilianzishwa mwaka 1606 na Nene, mjane wa Hideyoshi, kwa kumkumbuka mumewe. Mwongozaji mzuri atakusimulia hayo mkiwa njiani, ili mkiingia chumbani pawe kimya.

Utakaa kwa magoti, makalio juu ya visigino. Miguu itakufa ganzi. Sema mapema kama magoti yanakusumbua, watakuletea kigoda kidogo, na hakuna atakayekuona huna adabu.

Kitamu huja kwanza. Kimalize kabla ya chai, kwa sababu utamu wake ndio unaoutayarisha ulimi kwa uchungu wa matcha, chai ya kijani ya unga. Mwenyeji atafuta vyombo ambavyo tayari ni safi, atachota unga wa kijani kwa kijiko cha mwanzi, atamimina maji ya moto, kisha atakoroga kwa chasen, fagio dogo lililochanwa kutoka kipande kimoja cha mwanzi. Sikiliza. Chumba kikiwa kimya, birika linatoa sauti kama upepo kwenye misonobari, na ndivyo wao wanavyoiita.

Bakuli likiwekwa mbele yako, mwinamie mwenyeji, useme "otemae chōdai itashimasu", yaani napokea chai uliyoniandalia. Lichukue kwa mkono wa kulia, uliweke juu ya kiganja cha kushoto. Lizungushe mara mbili kidogo kidogo kuelekea kulia. Upande wenye pambo zuri zaidi umewekwa ukutazame wewe, nawe kwa unyenyekevu hunywei upande huo. Kunywa kwa mikupuo mitatu hivi, na wa mwisho uvute kwa sauti ili ajue umemaliza. Futa ukingo kwa vidole, rudisha bakuli lilivyokuwa, kisha inama ulitazame kwa karibu, viwiko vikiwa juu ya mapaja ili likiponyoka lisianguke mbali. Bakuli langu lilikuwa jeusi, lenye alama ya kidole cha mfinyanzi karibu na kitako, na kidole changu kiliingia pale barabara.

Simu iache kwenye begi mpaka mwenyeji aseme sasa mnaweza.

Hatua ya 7: Kunawa na kusimama Yasaka

Jinja (limefanana na jina la mji wa Uganda, ila maana yake ni nyingine) ni mahali pa ibada ya Kishinto. Utaitambua kwa lango la torii. Pita pembeni, katikati huachiwa mungu. Palipo na birika na kata: nawa mkono wa kushoto, wa kulia, mimina maji kwenye kiganja cha kushoto usukutue, nawa tena wa kushoto, kisha simamisha kata maji yaliyobaki yaoshe mpini. Siku hizi baadhi ya mahali wameondoa kata, unanawa kwenye maji yanayotiririka.

Wanaoomba hutupa sarafu, huinama mara mbili, hupiga makofi mawili, huomba, huinama mara moja. Sarafu ya yen 5 hupendwa kwa sababu tamko lake, go-en, ni sawa na neno la uhusiano mwema. Kwenye hekalu la Kibudha makofi hayapigwi. Kama dini yako haikuruhusu kushiriki, simama pembeni kimya, kofia mkononi, na mwambie mwongozaji kabla. Hilo linaeleweka na kuheshimiwa kabisa. Yasaka ndiyo mama wa Gion Matsuri, tamasha la mwezi wa Julai lililoanza mwaka 869 kuomba tauni iondoke.

Hatua ya 8: Gion, kwa macho tu

Kyoto hawasemi geisha, wanasema geiko, na mwanafunzi wake ni maiko. Ukiwaona mchana wakipiga picha taratibu njiani, yaelekea ni watalii waliovishwa. Wa kweli hutoka jioni, huenda kwa haraka, kwa sababu wako kazini. Maiko utamtambua kwa mkanda mrefu unaoning'inia mgongoni hadi karibu na vifundo vya miguu, na nywele zake ni zake mwenyewe. Geiko huvaa wigi. Usimzuie, usimguse kimono, usimkimbilie na simu. Wageni walivuka mipaka kiasi kwamba mwaka 2024 wakazi walifunga vichochoro binafsi vya Gion kwa watalii, na mabango yanataja faini ya yen 10,000. Barabara kuu ya Hanamikoji iko wazi. Ukitaka kuona ngoma yenyewe, kata tiketi ya Gion Corner, au kama ni Aprili, ya Miyako Odori, inayochezwa tangu 1872.

Kuhusu chakula na msimu

Mwislamu asitegemee macho: mirin, pombe tamu ya kupikia, imo katika michuzi mingi isiyoonekana kuwa na neno, na hata chakula cha watawa kisicho na nyama wala samaki kinaweza kuwa nayo. Mwachie mwongozaji apige simu mgahawani siku chache kabla. Msikiti upo, mashariki ya bustani ya ikulu ya zamani.

Mwisho wa Machi na mwanzo wa Aprili ni maua ya mcheri, Novemba ni majani mekundu, na nyakati zote mbili umati ni mkubwa mno. Julai na Agosti joto lake ni la unyevu kama Dar mwezi wa Februari. Mimi ningechagua mwisho wa Januari: baridi kali, ngazi tupu, na bakuli la chai linalopasha mikono.

Kuagana

Usitoe bakshishi, itamtatiza. Ukitaka kushukuru, mpe kitu kidogo cha kwenu kilichofungwa vizuri, kahawa ya Kilimanjaro au karafuu za Pemba, umkabidhi kwa mikono miwili. Hatakifungua mbele yako. Inama, sema "arigatō gozaimashita", uondoke. Ukifika kona geuka nyuma, kwa sababu mara nyingi bado atakuwa amesimama palepale akikusindikiza kwa macho, naye atainama tena.